Wakati wa Kinjeketile: Mjadala wa Barazani Likunja

Wazee wa Umatumbi walisimulia kwamba mwaka 1904, huko Ngarambe upande wa Mto Rufiji, Kinjeketile Ngwale alipandwa na pepo aitwaye Hongo, akaelekea mtoni, akazama katika bwawa lake. Ndugu zake walimtafuta wasimwone. Siku ya pili akaibuka mzima, nguo zake kavu, akaanza kutabiri. Alitoka na ahadi mbili. Ya kwanza inajulikana kwa kila aliyepita darasani: dawa yake, maji yaliyotiwa mafuta ya nyonyo na punje za mtama, ingezigeuza risasi za Wajerumani kuwa maji. Ya pili hutajwa kwa nadra: wazee waliokufa wangerudi. Watu walimiminika Ngarambe kutoka kila upande, wengine wakiamini kwamba huko wataonyeshwa marehemu wao.

Ahadi hiyo ya pili ndiyo iliyonisukuma kuandika. Anayesema wafu watarudi anadai mamlaka juu ya wakati wenyewe. Na habari ya Kinjeketile, tangu bwawani hadi kitanzini, ni habari ya watu kugombea wakati: nani anamiliki siku za mkulima, nani anatoa amri ya kuanza, nani anasubiri, nani anabaki kulipa.

Mjadala nimeuweka Likunja, katika nchi ya Ruangwa na Nachingwea, kwa kuwa vita vya Maji Maji viliufikia ukanda huu na urithi wake upo hapa. Wasemaji wanne ni wa kubuni: Mwalimu wa historia, Mzee mkulima wa korosho na ufuta, Bibi, na Kijana anayesoma fasihi chuoni. Majina, miaka na matukio wanayoyataja ni ya kweli. Mimi ni Muongozaji.

MUONGOZAJI: Karibuni barazani. Hoja yetu ni hii: Kinjeketile alituachia mali au deni? Mwalimu, fungua.

MWALIMU: Shikamooni wazee wangu. Nitaanza na miaka. Hassan bin Omari Makunganya wa Kilwa alinyongwa na Wajerumani mwaka 1895. Mkwawa wa Uhehe alijiua mwaka 1898 ili asikamatwe. Machemba wa Luagala, Myao wa kusini hapa hapa, mwaka 1890 alimwandikia mkuu wa Wajerumani, von Wissmann, barua ya Kiswahili kukataa kwenda kumwinamia, na mwaka 1899 akazidiwa nguvu, akavukia Msumbiji. Wote hao walipigana kiume, lakini kila mmoja alipigana mwaka wake. Mjerumani alimmaliza huyu, akavuta pumzi, akamwendea yule. Sasa tazama mwaka 1905. Julai Wamatumbi wanang'oa pamba kule Nandete. Tarehe 31 Julai Samanga inavamiwa. Agosti boma la Liwale linateketea, misheni ya Nyangao inachomwa, na tarehe 30 mwezi huo Wapogoro na Wambunga wanalishambulia boma la Mahenge. Septemba Wangoni wameingia vitani. Watu wa lugha nyingi, wengine maadui wa jana, wamesimama msimu mmoja. Huo ndio uvumbuzi wa Kinjeketile. Aliwapa watu waliotawanyika wakati wa pamoja, na mali ya namna hiyo hakuna aliyekuwa nayo kabla yake.

KIJANA: Shikamoo Mwalimu, shikamooni wazee. Naomba nipinge kwa heshima. Huo wakati wa pamoja tumeushona sisi baadaye. Desemba 1956 Nyerere alizungumza mbele ya Umoja wa Mataifa kuhusu Maji Maji, akieleza kwamba watu waliinuka kwa sababu hawakukubali kutawaliwa na wageni. Alihitaji taifa lenye mizizi, na alikuwa na haki ya kulihitaji. Mwaka 1968 Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kikawatuma wanafunzi vijijini kwao kukusanya simulizi, chini ya John Iliffe na Gilbert Gwassa, na Kinjeketile akawekwa katikati ya picha. Lakini watafiti waliofuata waliuliza eneo kwa eneo. Felicitas Becker, aliyeichunguza kusini-mashariki hii yetu, alikuta watu wakubwa wa Liwale na Umwera waliokuwa na ugomvi wao, biashara yao na hofu zao kuhusu utawala mpya. Pamba haikuwa na uzito huko kama ilivyokuwa Umatumbi. Dawa ilipofika, kila mahali iliamsha ugomvi uliokuwepo. Huyu mtu mmoja mwenye kutoa amri ni wa vitabuni zaidi kuliko wa vitani.

MZEE: Marahaba, mjukuu wangu. Umesema vizuri, ila umesahau jambo ambalo mkulima hawezi kulisahau. Serikali ya Wajerumani ilichukua siku za watu. Kodi ya nyumba ilianza 1898, na ukikosa fedha unalipa kwa nguvu zako. Kisha toka 1902 yakaja mashamba ya pamba ya lazima, chini ya akida na jumbe, na kiboko juu yake. Sasa sikiliza kazi ya shamba. Hapa Likunja ufuta una miezi yake, mbaazi zina yake, korosho zina yake. Ukikosa palizi wiki mbili, majani yanakula chakula chako. Mtu aliyeitwa kwenye pamba ya serikali aliitwa wakati mtama wake unamhitaji. Kulikuwa na mahali ambapo malipo ya mwaka mzima yalikuwa senti 35, na watu wakakataa kuzipokea. Kwa hiyo ugomvi ulikuwa tofauti toka huku hadi kule, sawa. Lakini kila mahali mtu aliona siku zake si zake tena. Ukiniambia kuna mtu Ngarambe anasema wakati wa zamani unarudi, wazee wetu wanarudi, hata mimi ningefunga safari.

BIBI: Na kumbuka huyo mtu aliwaambia nini wageni wake, Mzee mwenzangu. Aliwaambia rudini makwenu, fanyeni kazi mnazoambiwa, ngojeni neno langu. Hakusema anzeni.

MWALIMU: Ndivyo simulizi alizokusanya Gwassa zinavyoeleza, Bibi. Habari ilipita kwa kunong'onezana, na Wajerumani wasijue ukubwa wake. Ni Wamatumbi waliochoka kungoja.

MUONGOZAJI: Hapa tusimame kidogo. Kama aliyetoa ahadi aliomba subira, na walioipokea wakaanza bila yeye, lawama inamwendea nani? Kijana?

KIJANA: Inamwendea yeye kwa sehemu kubwa. Ukimwambia mtu aliyechapwa kwamba risasi haimwingii, halafu ukamwambia angoje, umempa sababu ya kutongoja. Subira ina maana kwa mtu anayejua kwamba anaweza kufa. Kinjeketile aliwaondolea watu hofu ya kifo, kisha akashangaa kwamba wana haraka. Na tazameni tarehe zenyewe. Alinyongwa Mohoro tarehe 4 Agosti 1905. Samanga ilikuwa imevamiwa siku nne tu kabla. Liwale, Nyangao, Mahenge na Ungoni vyote vilifuata akiwa kaburini. Vita vilivyobeba jina la dawa yake vilipiganwa karibu vyote bila yeye.

MWALIMU: Na hapo ndipo ninapoona ukubwa wake. Wajerumani waliamini wakimnyonga mganga, jambo limekwisha. Halikwisha. Zaidi ya hayo, baada ya Mahenge kila mtu aliona kwamba bunduki za mtombo zinaua watu waliokunywa dawa. Pamoja na hayo, vita havikukoma. Watu waliacha kushambulia maboma kwa mkupuo, wakaingia vita vya msituni. Abdallah Mapanda wa Ungindo alipigana hadi alipouawa Januari 1907. Mtu anayepigana karibu mwaka na nusu baada ya dawa kushindwa hapigani kwa sababu ya dawa. Maelezo ya kwamba waganga waliwarubuni washenzi yaliwafaa sana wakubwa wa Kijerumani, maana yaliwaondolea kujibu maswali kuhusu kodi, kiboko na pamba.

BIBI: Mwalimu, mwanangu, umetupitisha kwenye maboma na misituni. Sasa nipitishe jikoni.

MUONGOZAJI: Sema, Bibi.

BIBI: Mjerumani alipoona watu hawasimami mahali pamoja wapigwe, alipiga chakula. Vijiji vilichomwa, maghala yalimwagwa au kuchomwa, mashamba yakaharibiwa yangali mabichi, na watu wakazuiwa kupanda. Maofisa wenyewe waliandika kwamba njaa ndiyo itakayowainamisha watu. Wajerumani walihesabu waliokufa kuwa 75,000. Gwassa alipopima simulizi za vijijini alifika kati ya 250,000 na 300,000. Wengi wao hawakushika mkuki. Ni wanawake waliochimba mizizi porini, ni watoto walionyonya titi lisilo na maziwa, ni wazee walioachwa njiani. Kila anayesimulia vita hivi husimulia wanaume waliokimbilia bunduki. Vita vyenyewe viliishia chunguni, na aliyekuwa kwenye chungu alikuwa mwanamke. Sasa nirudi kwenye ahadi. Aliahidi waliokufa watarudi. Hawakurudi hata mmoja, na waliokuwa hai wakawafuata. Nyumba za Ungindo ziligeuka pori, na pori hilo baadaye likawa hifadhi ya Selous, wanyama wanatembea palipokuwa na mashamba. Mimi simtukani Kinjeketile. Nasema ukimtaja kwa shangwe, uwataje na hawa kwa majonzi, la sivyo umesema nusu.

MZEE: Dada yangu, hilo halipingiki.

KIJANA: Bibi amefungua mlango wa jambo lililonisumbua siku zote. Kinjeketile hakuwa peke yake duniani. Mwaka 1856, kule kwa Waxhosa wa Afrika Kusini, binti aitwaye Nongqawuse alisema wafu watafufuka ikiwa watu watachinja ng'ombe wao na kuacha kulima. Walichinja. Mwaka 1857 ukawa wa njaa kubwa, na Waingereza wakapata ardhi. Huko Marekani, Wovoka aliwafundisha wenyeji ngoma ya kuwarudisha wafu na nyati waliokwisha, na wengine wakavaa mashati waliyoamini yanazuia risasi. Desemba 1890 jeshi likawaua kwa mamia pale Wounded Knee. Na karibu yetu, Alice Lakwena wa Uganda mwaka 1987 aliwapeleka wapiganaji waliopakwa mafuta hadi karibu na Jinja, wakaangushwa. Wote hawa ni watu walionyang'anywa wakati wao ujao, wakaahidiwa kurudishiwa wakati uliopita. Nawahurumia waliofuata. Waliotoa ahadi nawauliza swali moja: uliijaribu wapi kabla ya kuwapa watu?

MZEE: Swali zuri, ila usiwaulize waganga peke yao. Hapo Nachingwea, mwaka 1947, walikuja wengine na dawa yao. Waingereza, na wataalamu, na matrekta. Walisema watalima karanga zaidi ya ekari milioni 3 katika Tanganyika, Kongwa, Urambo na Nachingwea, mafuta yapatikane Ulaya iliyotoka vitani. Walikuwa na haraka kuliko Wamatumbi. Hawakujaribu kwanza shamba dogo wakaona mvua na udongo vinasema nini. Reli ikajengwa toka Mtwara hadi Nachingwea. Mwaka 1951 mpango ukafutwa, pauni zipatazo milioni 36 zimekwenda, na reli nayo ikafungwa mwaka 1962. Aliyevaa kaptura na kushika ramani haitwi mchawi. Lakini aliahidi kwamba miaka ya kazi itafupishwa kuwa michache, na hakuruhusu mwenyeji amwambie mvua ya huku ikoje.

KIJANA: Babu, mfano huo unanipa nguvu mimi, haumtetei Kinjeketile.

MZEE: Simtetei, mjukuu wangu. Naipanua hoja yako. Ahadi isiyojaribiwa ni hatari, iwe imetoka bwawani au ofisini London. Tofauti ni kwamba wa London walipoteza fedha. Wa kwetu walipoteza watu.

MUONGOZAJI: Kijana, wewe unasoma fasihi. Kinjeketile tunayemjua wengi wetu ni yule wa jukwaani. Huyo naye tumuweke kwenye mizani.

KIJANA: Ni kweli. Ebrahim Hussein, mtoto wa Lindi aliyezaliwa 1943, alichapisha tamthilia ya Kinjeketile mwaka 1969, na vizazi vimeisoma shuleni. Katika utangulizi Hussein mwenyewe anatenga Kinjeketile wa historia na Kinjeketile wa sanaa, na ni vyema tuiheshimu tofauti hiyo. Yule wa sanaa anatia shaka. Anahofia kwamba neno alilolileta limemzidi, watu wamelichukua wamekwenda nalo. Anataka waungane na kujiandaa, wao wanataka kuanza. Mwishoni, akiwa mikononi mwa Wajerumani, anatakiwa aseme maji yalikuwa uongo. Anakataa. Anaona akisema hivyo, Wajerumani watawaambia watoto wetu kwamba kupigania haki nako kulikuwa uongo.

MWALIMU: Na alikuwa sahihi kukataa.

BIBI: Hakuwa sahihi. Kama kinywa chake kingewazuia vijana wa Mahenge wasiikimbilie bunduki ya mtombo, kilipaswa kufunguka.

MWALIMU: Mama yangu, wangemwamini nani, mtu aliyefungwa minyororo akisema maneno ya aliyemfunga?

BIBI: Pengine wasingemwamini. Lakini kuna jambo kati ya kuwasaliti watu na kuwanyamazia. Angeweza kusema: maji hayazuii risasi, na pamba ya lazima bado ni dhuluma. Maneno yote mawili ni ya kweli. Kwa nini mwanadamu alazimishwe kuchagua moja?

KIJANA: Bibi, nimesoma uchambuzi mwingi wa tamthilia hiyo. Hilo sijalikuta.

MZEE: Nami niongeze, maana miaka sitini baada ya Ngarambe vita vingine viliandaliwa kwenye udongo huu. FRELIMO walianza mapambano dhidi ya Wareno Septemba 1964, na Nachingwea ikawa kambi yao kubwa ya mafunzo. Samora Machel aliwafundisha vijana pale. Walifundishwa silaha, wakafundishwa kusoma, wakafundishwa kwa nini wanapigana na nani si adui yao. Waliambiwa risasi inaua. Vita vyao vilichukua miaka kumi, na Juni 1975 Msumbiji ikawa huru. Nao walitoka makabila mengi, nao walihitaji wakati wa pamoja. Waliujenga kwa mafunzo. Kwa hiyo jambo alilolianzisha Kinjeketile liliwezekana. Lilihitaji kuegemezwa kwenye kitu kingine.

MWALIMU: Hapo Mzee wangu umenisogeza. Nilikuja nikisema Kinjeketile alivumbua wakati wa pamoja. Bado nasema hivyo. Nakubali kwamba aliutia kwenye chombo ambacho hakingeweza kuubeba.

KIJANA: Nami nakubali kwamba, hata kama kila eneo lilikuwa na sababu zake, mtu wa Umwera alipopokea maji alijua kwamba Mmatumbi na Mngindo wameyapokea. Kujua huko peke yake kulikuwa jambo jipya. Ila nashikilia kwamba sifa ya ujasiri wa waliopigana tusiigeuze kuwa sifa ya aliyewaahidi.

BIBI: Tarehe 1 Novemba 2023 Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alikwenda Songea, mahali walipozikwa walionyongwa, akaomba msamaha. Mwaka 1906 walinyongwa kiongozi wa Wangoni, Songea Mbano, na wenzake, na mjini Songea kuna makumbusho na siku ya kuwakumbuka kila mwaka. Nilishukuru. Ilichukua miaka 118 tangu vita vianze. Lakini waliokufa kwa njaa katika vijiji vya Lindi hawana ukuta wenye majina. Hao nao wana haki.

MUONGOZAJI: Nawashukuru nyote. Sasa nami niseme ninachokiamini.

Kinjeketile alituachia mali na deni kwa pamoja, na anayechukua kimoja akaacha kingine hamtendei haki. Mali ni ule ugunduzi kwamba wanyonge waliotawanyika wanaweza kusimama kwa wakati mmoja, bila mfalme wa kuwaamuru na bila jeshi la kuwalazimisha. Nguvu hiyo ilifanya kazi yake kabla risasi ya kwanza haijapigwa, na haikutokana na nyonyo wala mtama. Ilitokana na maelfu ya watu waliotembea hadi Ngarambe, wakaonana, wakagundua kwamba dhuluma yao ni moja.

Deni ni ahadi iliyofungwa isijaribiwe. Ahadi ya namna hiyo humwona mwenye shaka kuwa msaliti, ilhali mwenye shaka ndiye ambaye angeweza kuwaokoa wenzake. Yeyote anayewaita watu wetu leo, awe mhubiri, mwanasiasa, mfanyabiashara wa mbegu mpya au mwenye mradi mkubwa, aulizwe swali la Kijana: umeijaribu wapi? Na aulizwe kabla watu hawajalipa kwa msimu wao, kwa ardhi yao au kwa miili yao. Kuuliza si kukosa imani. Mkutano wa kijiji ambao mtu anaogopa kuuliza hivyo umekwisha kupotea kabla haujafungwa.

Bibi ametupa kazi, nami naiunga mkono kwa moyo wote. Mwaka 1968 wanafunzi walirudi vijijini na daftari, wakakuta wazee walioviona vita kwa macho yao. Wazee hao hawapo tena. Waliopo ni wale waliosikia kwa bibi na babu zao, na nao wanapungua kila mwaka. Shule za sekondari za Ruangwa, Nachingwea na Liwale zina walimu wa historia, zina vijana wanaojua kuandika, zina simu za kurekodi sauti. Zianze kuandika majina ya waliokufa kwa njaa, majina ya vijiji vilivyohamwa, na mizizi iliyoliwa porini. Kinjeketile aliahidi kwamba waliokufa watarudi, na hilo hakuwa na uwezo nalo. Kuwaandika tunao uwezo, na tukiacha kizazi hiki cha wasimulizi kipite, kosa hilo litakuwa letu wenyewe.